Kitufe cha "Nipo"

Mchana kutwa, kila saa, mstaafu alitakiwa kubonyeza kitufe cha "Nipo" kwenye kompyuta yake, la sivyo alihesabiwa marehemu na nyumba yake ikakatiwa umeme. Vidole vya Mzee Shekue vilitetemeka kwa uzee na kuchelewa kukipata kitufe, kwa hiyo hakuthubutu kuondoka mezani. Siku moja mkewe, Nambua, akaweka programu inayokibonyeza yenyewe.

"Inuka, baba Hoza, tukaote jua."

Walikaa uani wakimenya machungwa na kutaniana kama maharusi, huku kompyuta ikiitika badala ya mzee kule ndani.

"Mama Hoza, nikifa, hiyo programu itajuaje?"

Nambua akamlisha kipande cha chungwa, kisha akamwegemea kifuani, amsikilize anavyopumua.