Sekunde Nne za Ngurumo

Mwigaji wa tatu alikohoa mpaka machozi yakamtoka, akavua hedifoni, akaaga. Fundi sauti akamfuta kwenye orodha.

Albamu ilikuwa ya hevi metali, ule muziki wa magitaa makali na waimbaji wanaonguruma, ya miaka thelathini na minne iliyopita, na kampuni ilitaka kuitoa upya kwa sauti safi kabisa, ile inayokufanya usikie hata vidole vikiteleza kwenye nyuzi za gitaa. Tepu za asili zilikuwa nzima isipokuwa pahala pamoja: unyevu ulikuwa umekula sekunde nne za wimbo wa mwisho, pale mwimbaji anaponguruma. Kaseti za madukani zilikuwa nayo ngurumo hiyo, lakini kuibandika hapo ni kutia kiraka cha gunia kwenye hariri. Na mwimbaji, jitu lenye ndevu za kufagia kifua, alikuwa amefariki mwaka jana, ndiyo maana waliitwa waigaji wa sauti yake.

Mjane wake ndiye aliyeleta tepu. Alikaa kwenye kochi la nyuma, mama mwembamba mwenye glasi ya maji ya uvuguvugu, akiwasikiliza waigaji wakija na kuondoka.

"Huyu naye anatumia koo," mama alisema, mwigaji wa nne alipoanza. "Atajiumiza bure. Inatakiwa itoke chini ya kitovu."

"Kumbe mzee alikueleza mengi, mama."

"Mzee hakuwa mtu wa maneno."

Wa nne alilia kama paka aliyekanyagwa mkia. Wa tano alikuwa afadhali kidogo, na afadhali haikutosha. Fundi akasugua macho. Kesho yake asubuhi kazi ilitakiwa kiwandani.

"Tubandike ya kaseti tu, mama. Nani atajua?"

"Mimi nitajua."

"Unisamehe, lakini sauti ile tumeshaizika."

Mama aliweka glasi chini, akaingia chumba cha kurekodia, akaomba ashushiwe maikrofoni. Fundi alidhani anataka kumuaga marehemu kwa maneno mawili matatu, na mfiwa hakatazwi. Akaishusha, akarudi kwenye mitambo yake, akabonyeza kitufe.

Ngurumo iliyotoka ilikuwa ileile ya kwenye kaseti, ikatetemesha kioo kilichokuwa kati yao. Fundi alibaki ameinua mkono hewani, kama mtu aliyesahau alichotaka kuchukua.

"Marehemu alijua sana kupanua mdomo," mama alisema, kwa upole uleule. "Kuimba hakujaaliwa."