Ugali wa Bi Mwanaheri

Kitendo chochote ambacho msanii amewahi kukionyesha jukwaani ni mali ya Hifadhi ya Sanaa, na yeye mwenyewe haruhusiwi kukirudia popote, hata nyumbani kwake. Ndiyo maana Bi Mwanaheri, aliyewahi kusonga ugali jukwaani saa nzima bila kusema neno, hajausonga tena kwa miaka kumi na moja. Siku hizi anayesonga ni mumewe, Mzee Shekigenda, na ugali wake una mabonge.

Leo mzee ana homa. Aliletewa uji, akageukia ukutani.

"Mke wangu, nataka ugali wako. Ule wa zamani."

Bi Mwanaheri akabandika sufuria. Alipotia unga tu, kamera ya jikoni ikawaka taa nyekundu.

"Acha," ikasema. "Kitendo hiki ni mali ya Hifadhi."

"Nilifundishwa na mama yangu," akajibu huku akisonga. "Nyinyi mlikuwa wapi?"

Ugali ulikuwa unakaribia kuiva hodi zilipobishwa, na nje zikasikika buti nyingi.

"Karibuni," akaita bila kugeuka. "Vueni viatu, mnawe mikono. Onyesho lile watazamaji waliondoka na njaa. Leo mtakula."