Mayai ya Kaburini

Levina alimkuta mbwa ameshafukua kaburi hadi miguu ya mbele imezama. Alimpiga kwa mwiko wa ugali, maana ndio uliokuwa mkononi, na mbwa akakimbilia matetini akilia. Kisha akapiga magoti, akaurudisha mchanga kwa mkono wa kulia. Wa kushoto ulikuwa haukunjiki vizuri tangu mwaka juzi.

"Shemeji," alisema Sylvanus, aliyekuwa akipita akikokota baiskeli. "Humo mna mgomba tu. Unalinda mgomba?"

"Nalinda mayai."

Hilo lilikuwa kweli. Octavian, mume wa Levina na kaka yake Sylvanus, alipotea mwishoni mwa masika. Mtumbwi wake ulionekana umepinduka kwenye matete, chini kidogo ya Lupiro, mwenyewe hakuonekana. Walipokata tamaa, ukoo ulifanya kama ulivyowafanyia wengine waliochukuliwa na mto: ulikata mgomba, ukauvika shuka jeupe, ukauzika kwenye mwinuko wa mchanga nyuma ya nyumba yake, ili roho ipate pa kulala. Wiki chache baadaye kobe wa maji alipanda kutoka mtoni, akakuta mchanga uliotifuliwa, akataga humo.

Habari zilifika Ifakara. Rosemery, msichana wa mradi wa kuhifadhi viumbe wa mtoni, akaja na pikipiki.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu."

Rosemery alieleza kwa upole. Mayai yangekaa chini kiangazi chote, yakisubiri mvua za kwanza. Kenge huyafukua, mbwa huyafukua. Wanaoanguliwa huliwa na korongo kabla ya kufika majini, na majini kambale wanawasubiri. Afadhali ayahamishie kwenye boma la mradi, lenye wavu.

"Hapa hapachimbwi," alisema Levina.

"Nitachimba kwa mikono, mama. Taratibu."

"Mwanangu, hapa kalala mume wangu."

Sylvanus, aliyesimama kando, alicheka puani, akamgeukia Rosemery. "Mgomba, dada. Na umeshaoza huo."

Rosemery aliutazama mkono wa kushoto wa yule mama. Njiani, dukani kwa Mtoro, alishasimuliwa nani aliuvunja. Na bado anamlilia, aliwaza. Aliyaacha mayai mahali pake. Kesho yake akarudi na waya na miiba, akajenga uzio yeye mwenyewe.

Kiangazi chote Levina alikaa kando ya uzio ule. Mkeka wake ulihamia hapo, na chungu chake. Aliwafukuza kenge kwa mawe. Mbwa ndio hawakukata tamaa; walikuja hata kutoka kitongoji cha pili, wakazunguka miiba wakinusa.

"Sikujua mayai ya kobe yana harufu kali hivyo," alisema Rosemery siku moja.

"Mbwa wana njaa."

Levina alikuwa amekonda. Mara nyingine Rosemery alimkuta amelala kifudifudi, sikio mchangani.

"Unasikia nini, mama?"

"Anakwaruza."

Rosemery alitabasamu, akamshika bega. "Ni mapema mno. Wakati huu hakuna anayekwaruza humo."

Levina alijifuta mchanga sikioni, akaendelea kulifuta hata lilipokuwa safi.

Kisha mvua ikaja. Ilinyesha asubuhi hadi mwinuko ukalainika, na mchana, jua lilipochungulia, mchanga ukatitia katikati ya kaburi. Pua ndogo ikatokea. Ikafuata nyingine, halafu kundi zima, wakipandana migongoni na kusukumana, kila mmoja akimpandisha mwenziwe bila kujua. Hakuna aliyewaonyesha mto uliko. Waligeuka wenyewe, wakaanza kuteremka. Hata Sylvanus alivua kofia, akakimbia huku na huku akiwatimua korongo, akiwatukana kana kwamba ni wezi wa mpunga.

"Nendeni," Rosemery alinong'ona. "Nendeni, watoto."

Wa mwisho walipoingia majini, alipiga magoti penye tundu. "Huwa wanabaki wengine wamenasa, mama. Wakikaa humo watakufa."

Levina alimdaka bega. Kutoka chini kabisa ya tundu, mchanga mwembamba uliporomoka tena.

"Mkono mmoja tu," alisema. "Usipite kiwiko."

Rosemery alipapasa. Akatoa maganda matupu, laini kama karatasi iliyolowa, na kobe mmoja dhaifu aliyekuwa amefunikwa nayo. Akamweka kwenye kiganja cha yule mama. Levina akampeleka mtoni mwenyewe, akainama, akamwachia, akabaki kuyatazama maji mpaka mawimbi madogo yalipotulia.

Aliporudi, Rosemery alikuwa akifuta macho.

"Mama, nitaomba ofisini eneo hili lisiguswe kamwe. Uzio utabaki. Hapa hatachimba mtu."

"Kamwe?"

"Kamwe."

Levina akamshika mikono yote miwili, akalia. Alilia kwa sauti ambayo hakuitoa hata siku ya maziko, na Sylvanus, kwa haya, akageuza uso.

Octavian hakupanda mtumbwi siku ile. Wanaume walipokuwa wakimtafuta mtoni, mwili wake ulikuwa stoo nyumbani kwake, chini ya pumba za mpunga.

Kaburi walilichimba jioni, hadi magotini tu, kwa kuwa mgomba hauhitaji zaidi, wakaliacha wazi. Asubuhi, walipouleta mgomba, walimkuta mjane ameketi ukingoni mwa shimo, mchanga umempanda hadi mabegani. Wakasema amegaagaa kwa uchungu usiku kucha, wakamnawisha mikono.