Kishingo na Kuku wa Bandani

Mwaka ule wanakijiji walipoacha pamba na kugeukia ufugaji, Mama Nyamizi alijenga banda la waya, akaleta kuku weupe wa kisasa. Kuku wake wa kienyeji, aliyeitwa Kishingo kwa sababu shingo yake haikuwa na manyoya, alibaki nje.

Kati ya wale weupe, Chokaa ndiye aliyekuwa na maneno mengi.

"Dada, bado unaparua takataka?" aliuliza kupitia waya. "Sisi tunaletewa chakula."

"Naona," alijibu Kishingo, akaendelea kuparua.

Masika yakaja, daraja likasombwa, gari la chakula cha kuku likaacha kufika. Mama Nyamizi alipoona kuku wake wanadhoofika, aliwafungulia mlango wakajitafutie. Wakatoka, wakasimama uani wakisubiri.

"Dada," Chokaa alisema kwa unyonge, "chombo chenu cha chakula kiko wapi?"

"Umekikanyaga."

Chokaa akatazama chini, akaona udongo mtupu. Kishingo hakumcheka. Alimsogelea, akamwambia, "Vuta mguu wa kulia kwa nyuma. Sasa wa kushoto. Rudi kidogo, uangalie."

Chokaa akavuta, akavuta tena kwa nguvu. Udongo ukafunguka, mchwa wanene wakatawanyika. Akadonoa mmoja, akadonoa na mwingine. Kisha akawaona wenzake bado wamesimama kwa njaa, akawaita.

"Njooni huku," alisema. "Chakula kipo, ila hakiletwi."