Uso wa Leo

Sheria ilimtaka kila aliyerekodi maandamano amtaje mwandamanaji mmoja kila asubuhi, la sivyo nyumba yake isipate maji. Aliyetajwa alichukuliwa kabla ya adhuhuri, wala hakurudi.

Kabla ya kuolewa, Kwamboka alikuwa amerekodi siku tisa za umati uliopinga miswada ya usalama. Alimwambia kila mwandamanaji: taja jina lako na kwenu, ili ukiuawa tukujue. Huruma hiyo ndiyo iliyomponza. Ukuta-skrini wa sebuleni ulishayasikia majina yote kwenye rekodi hizo, hakuna kudanganya. Sheria ilitaka tu yatoke kinywani mwake.

Leo ukuta ukawaka. "Huyu ni nani?"

Kijana kwenye picha alicheka, bango mkononi, macho mekundu kwa moshi. Ndiyo siku waliyojuana.

"Mama Moraa!" Nyaribo, mumewe, akaita kutoka bafuni. "Nina sabuni hadi machoni! Si umtaje tu, kama wa jana!"

"Baba Moraa..."

"Aah, huyo shauri yake! Mtoto naye hajaoga!"

Kwamboka akaukaribia ukuta. "Nyaribo," akasema. "Wa Keroka."

Bafuni maji yakamwagika, na mumewe akaanza kuimba.