Sura ya Dada Yangu

Wangechi alikuwa akitia sahihi nakala za kitabu chake katika ukumbi wa kanisa mjini Nyeri, fundi wa nguo kutoka Kongo alipofika mezani na kuweka kidole juu ya picha ya mwanamke kwenye jalada.

"Huyu ni dada yangu," alisema. "Ulimkuta wapi?"

"Kambini, karibu na Goma." Wangechi alikuwa ameacha kazi ya gazeti ili akae na wanawake waliokimbia vita na kuandika waliyoyapitia.

"Basi yuko hai." Kidole chake, chenye alama za sindano, kilishuka usoni pa dada, kikazunguka pembeni mwa picha kikitafuta. "Siku tulipotawanyika nilimwachia binti yangu. Mbona simwoni?"

Wangechi alimkumbuka yule dada kambini, akionyesha kwa mikono urefu wa kaburi dogo alilochimba kando ya barabara.

"Kiingereza mimi sijui, mama," fundi akasema, akimsogezea kitabu. "Nisomee alivyosema juu ya mtoto."

Wangechi akaifungua sura ya yule dada.

Fundi akavuta kiti karibu, akamtazama mdomo.