Sahani ya Mbwa

Sebule ya Mama Delfina ilijaa wageni na vicheko.

“Shoga, huyo mbwa wako mbona kakonda hivyo?”

“Minyoo! Sahani anailamba mpaka inang'aa, lakini mwili wapi! Leo nimemwekea dawa kwenye ugali wake.”

Akatoka uani kuhakikisha imeliwa. Akamkuta Mzee Ngoloma, mlinzi wake, amechuchumaa, anaifuta sahani ya mbwa kwa kidole na kukilamba. Mbwa amekaa pembeni, anamtazama.

“Mzee! Unafanya nini?”

Mzee akashtuka. “Nisamehe, mama. Kila siku tunagawana. Leo mwenzangu kanusa akakataa, nikala yote.”



“Mama Delfina!” wageni wakapaza sauti toka ndani. “Dawa imeliwa?”

Akaitazama ile sahani. Ilikuwa inang'aa.